William Sanders Scarborough na Mtihani wa Kiyunani

Alexander Crummell, kasisi Mmarekani Mweusi aliyehitimu Cambridge mwaka 1853, alipenda kusimulia habari aliyoisikia ujanani mwake mjini New York. Ilidaiwa kwamba John C. Calhoun, mtetezi mashuhuri wa utumwa, alisema kuwa siku atakapomwona Mtu Mweusi anayeijua sintaksia ya Kiyunani, ndipo atakapokubali kwamba Mweusi naye ni binadamu. Calhoun alifariki mwaka 1850. Miaka miwili baadaye, mjini Macon katika jimbo la Georgia, alizaliwa William Sanders Scarborough.

Baba yake alikuwa mtu huru, lakini mama yake alikuwa mtumwa. Na kwa kuwa sheria ilimpa mtoto hadhi ya mamaye, Scarborough naye alizaliwa utumwani. Sheria za Georgia zilikataza pia kumfundisha mtumwa kusoma na kuandika, hivyo alijifunza kwa siri. Utumwa ulipokomeshwa mwaka 1865, njia ya masomo ilimfungukia. Alisoma Atlanta, kisha akahitimu katika Chuo cha Oberlin mwaka 1875. Mwaka 1877 alianza kufundisha Kilatini na Kiyunani katika Chuo Kikuu cha Wilberforce, Ohio.

Mwaka 1881 alichapisha kitabu cha kiada cha Kiyunani kwa wanaoanza. Humo mwanafunzi anaanza na maumbo ya nomino na vitenzi, anafanya mazoezi ya kutafsiri, na hatimaye anafikishwa kwenye matini za Xenophon. Mwaka 1882 alijiunga na Chama cha Filolojia cha Marekani, na mwaka 1884 akawa mwanachama Mweusi wa kwanza wa Chama cha Lugha za Kisasa.

Kwa kipimo cha Calhoun, basi, mtihani ulikuwa umekwisha. Lakini mambo hayakuwa hivyo. Mwaka 1909 Chama cha Filolojia kilikutana Baltimore. Hoteli iliyoandaliwa kwa ajili ya wajumbe ilikataa kumhudumia mtu Mweusi, na Scarborough, aliyekuwa mwanachama kwa miaka 27 na wakati huo rais wa Wilberforce, hakuhudhuria. Sintaksia ya Kiyunani aliijua, mlango haukufunguliwa.

Hapa ndipo maisha yake yanapodai kusomwa kwa uangalifu. Ni rahisi kumsifu Scarborough kama jibu kwa Calhoun. Lakini kufanya hivyo ni kukubali kwamba swali lile lilikuwa halali, yaani kwamba utu ni jambo la kuthibitishwa kwa kunyambua vitenzi. Kazi zake zenyewe zinakwenda mbali zaidi. Mtaalamu huyo aliyemchambua Aristophanes aliandika pia kuhusu lahaja na ngano za Wamarekani Weusi, usemi ambao wengi waliudharau na kuuita Kiingereza kilichoharibika. Kwake, lugha ya Athens na lugha ya mashamba ya pamba zote zilistahili uchunguzi.

Scarborough aliuacha urais wa Wilberforce mwaka 1920, akafariki mwaka 1926. Tawasifu yake haikuchapishwa hadi mwaka 2005. Msomaji wake wa leo hana haja ya kuuliza kama mwandishi alifaulu mtihani. Inafaa zaidi aulize ni nani aliyejipa mamlaka ya kuutunga.