Chungu kimoja cha Lubumbashi

Watu wengine husema kwamba mji wa Lubumbashi hauna chakula chake. Sisi pia tulisema hivyo. Sisi ni walimu watatu wa Kalemie, watu wa kando ya ziwa, na mtu wa ziwa hujivuna sana kwa samaki wake. Tulisema: "Lubumbashi ni mji wa shaba. Shaba hailiwi. Watu wale wanakula kile kinacholetwa na gari na treni, basi."

Mwezi wa Desemba tuliitwa Lubumbashi kwa mkutano wa walimu. Mkutano ulipokwisha, tulibaki na siku moja bila kazi. Padri aliyetupokea akatuambia: "Msikae hapa bure. Yuko mama mmoja wa parokia anayeujua mji huu kwa tumbo lake. Atawaongoza kwa miguu toka asubuhi hata saa tisa. Fasi atakapowaambia kula, mle. Fasi atakapowaambia kusikiliza, msikilize." Tukacheka, tukakubali.

Mama akaja saa kumi na mbili na nusu, na kitambaa kichwani na kikapu mkononi. Umri wake umepita miaka sitini.

"Jambo, baba walimu."

"Jambo sana, mama."

Alitazama viatu vyetu, akasema: "Hivi ni viatu vya ofisi. Si kitu, tutakwenda pole pole."

Tulianza Kamalondo, mtaa wa zamani sana. Kando ya njia mama mmoja alikuwa amewasha mbabula yake, anakaanga mikate katika mafuta. Tulikaa juu ya ubao, tukanywa chai, tukala mikate ya moto. Hapo kiongozi wetu alianza kutueleza ginsi mji ulivyozaliwa.

Mji ulianza katika mwaka 1910, wakati njia ya treni ilipofika toka kusini, toka nchi tunayoiita leo Zambia. Siku zile uliitwa Elisabethville. Jina la Lubumbashi, ambalo ni jina la mto wake, lilirudi katika mwaka 1966. Wanaume waliletwa toka pande zote kuchimba na kuyeyusha shaba. Hawakuwa na shamba, na wengi hawakuwa na mke wa kuwapikia. Basi kampuni iliwagawia posho: unga, samaki, karanga, chumvi. Na unga huo ulikuwa wa mahindi, uliopanda treni ile ile toka kusini.

"Kwao walikula wengine muhogo, wengine mtama," alisema mama. "Hapa walijifunza mahindi, wakisimama mstari mbele ya ghala. Leo mtoto wa Lubumbashi akikosa bukari ya mahindi, anasema hajala, hata kama amekula wali sahani mbili. Kumbe, babu yake aliifahamu bukari hiyo ukubwani!"

Tulitazamana. Sisi tulifikiri kwamba chakula cha watu kinatoka siku zote kwa mababu. Mara nyingine kinatoka kwenye ghala ya kazi.

Toka Kamalondo tuliingia katika soko la Kenya. Yeye asiyelijua soko hilo ashike mfuko wake vizuri, na amshike mwenzake mkono. Kwanza tulifika kwa mama za unga. Viloba vimefunguliwa, unga mweupe wa mahindi upande mmoja, unga wa muhogo upande mwingine, na meka ya kupimia juu yake. Mteja mmoja alinunua meka mbili za mahindi na moja ya muhogo. Kiongozi wetu alitabasamu: "Huyu anapika kama watu wa Kasai, wanaochanganya." Akatueleza kwamba watu wa Kasai walikuja wengi hasa toka miaka ya 1920, kwa kazi ya njia ya treni na ya migodi. Katika mwaka 1928 reli ilifika hata Port-Francqui, panapoitwa sasa Ilebo, na Kasai yote ikawa karibu.

Katika majani ya muhogo ni vilevile. Muuzaji mmoja aliita: "Sombe, sombe!" Mteja akauliza: "Matamba ni bei gani?" Kijana aliyezaliwa Kinshasa akasema: "Unipe pondu." Wote watatu walionyesha fungu moja. Kila mtu alilipa franka zake, akaenda na jina lake. Lakini kazi ya kupika ni moja kwa wote: kutwanga vizuri na kupika muda mrefu, kwa sababu majani mabichi ya muhogo yana sumu.

Tulipofika kwa samaki, tulijivuna kidogo. Tuliona mikebuka ya ziwa letu Tanganyika, tukawasalimu kama ndugu. Mama alituacha tujisifu, kisha akatuonyesha samaki wa Luapula. Alisema kwamba wakati wa ukoloni wafanyabiashara Wagiriki walikaa Kasenga, wakiweka samaki katika barafu na kuwaleta mjini kwa malori. Mwishoni akatuonyesha sanduku la thomson, samaki wa bahari, mgumu kama jiwe kwa baridi. "Huyu amesafiri kuwapita ninyi watatu," alisema. Tukanyamaza.

Ilikuwa wakati wa mvua, basi uyoga ulikuwa mwingi. Uko uyoga mmoja unaoota juu ya vichuguu vya mchwa, ambao kofia yake inaweza kufika karibu metre 1 kwa upana. Mtoto aliweza kujifunika nao mvua. Karibu nao walikaa mama wa vinkubala, viwavi vya porini vilivyokaushwa. Tulionja, tukaona ni vitamu, vinalia katika meno. Tulikunywa pia munkoyo. Wanapika uji wa mahindi, wanaupoza, kisha wanaweka mizizi ya munkoyo iliyopondwa. Uji mzito unageuka mwepesi na kupata utamu, bila sukari hata kidogo.

Baada ya hayo tulifika mbele ya beseni la kikanda. Hapo tulikosa.

Wengi wenu hamkijui kikanda. Ni kitu cha rangi ya udongo mwekundu, kinakatwa vipande kama nyama. Lakini si nyama. Kinatoka katika mizizi midogo ya maua fulani ya nyikani, yanayopenda fasi za majimaji. Mizizi inachimbwa, inakaushwa, inatwangwa. Wanaitia unga wa karanga, pilipili, chumvi na magadi, wanakoroga juu ya moto hata inakaza. Ni chakula cha Wabemba na jirani zao, hapa na huko Zambia.

Muuzaji alitukatia kipande tuonje. Mkubwa wetu, mwalimu wa miaka mingi, alirudisha mkono nyuma. Alisema kwa sauti, na wote walisikia: "Hapana. Hiki ni chakula cha watu wale."

Muuzaji aliinamisha kichwa. Na sisi wawili, tuseme kweli, hatukumkataza mwenzetu. Tulicheka kidogo. Kiongozi wetu hakusema neno. Alinunua kikanda kizima, akalipa bei aliyotajiwa bila kupunguza, akakiweka katika kikapu.

Toka hapo hata Katuba, kwake nyumbani, hakutueleza kitu tena. Tulitembea nyuma yake juani.

Nyumbani aliosha mboga mara tatu. Mkubwa wetu akauliza sababu, apate kuvunja ukimya. Alijibu kwamba vumbi la madini linaanguka juu ya bustani, na wataalamu wa chuo kikuu cha Lubumbashi wamepima na kukuta madini katika miili ya watu wanaokaa karibu na migodi na viwanda. Kisha alikaa juu ya kiti kidogo, akaanza kukata kikanda.

"Baba mwalimu," alisema, "neno lile la watu wale, mimi nalifahamu. Nililisikia katika mwaka 1992.

"Nilizaliwa Likasi. Baba yangu alizaliwa Likasi vilevile. Babu alitoka Kasai na kuja kwa kazi. Mwaka ule tuliambiwa: ninyi ni watu wa Kasai, rudini kwenu. Kwetu ni wapi? Kasai sikuiona hata siku moja. Tulifukuzwa nyumbani, tukalala kwenye stesheni pamoja na maelfu ya watu, tukingoja treni. Mvua ilinyesha juu yetu. Nilikuwa na watoto wawili. Wa kwanza alikufa pale kwa kuhara. Wa pili alikuwa ananyonya, lakini maziwa yangu yalianza kukauka.

"Jirani yangu wa Likasi alikuwa Mubemba. Alikuja kila magharibi, amefunga kitu chini ya kitenge, kwa sababu aliogopa kuonekana anatulisha. Kilikuwa kikanda. Hakihitaji moto, hakiozi upesi, na mtu anakila kwa kificho. Nilikula kikanda siku nyingi, na maziwa yalirudi. Mtoto yule leo ni baba wa watoto.

"Baadaye nilikuja hapa kwa dada yangu. Jirani naye alikuja, akanifundisha kupika kikanda. Mishahara ya mabwana wetu ilipokawia miezi na miezi, tuliuza kikanda sisi wawili katika soko lile la Kenya, tukasomesha watoto. Yeye amekwisha kufa. Yule mama wa beseni mliyemcheka leo ni binti yake."

Hakuna mtu aliyesema kitu. Mkubwa wetu alisimama, akavua kofia, akasema: "Mama, unisamehe."

"Ukae, ule," alijibu mama. "Na mkirudi, mpite kwake."

Tulikula. Kikanda kina ladha ya karanga na ya moshi kidogo, na pilipili inakuja nyuma. Mama alisema kwamba mizizi yake inakuwa haba, kwa sababu mzizi ukichimbwa, mmea unakufa. Hata Tanzania, katika uwanda wa Kitulo, watu waliichimba na kuiuza Zambia, na serikali ya kule ilifanya fasi ile kuwa hifadhi katika mwaka 2005. Labda wajukuu wetu watakisikia kikanda kwa jina tu.

Saa tisa ilikwisha kupita. Tulirudi sokoni, tukamkuta binti yule. Mkubwa wetu alimwomba radhi mbele ya wale waliosikia asubuhi, akanunua kikanda cha kupeleka Kalemie.

Wasomaji wapenzi, tulikwenda kutazama chakula cha mji, nacho kilitutazama sisi. Tazameni chungu cha Lubumbashi: unga ulikuja kwa treni ya kusini, kuchanganya kulitoka Kasai, samaki alitoka Luapula na kwetu ziwani, kikanda kwa Wabemba. Mwaka 1992 na 1993 watu wengi walifukuzwa, lakini mapishi yao yalibaki katika masufuria ya wale waliowafukuza.

Nasi wa Kalemie tusiwanyoshee kidole watu wa Likasi. Tunakumbuka miaka ya 2016 na 2017, Waluba na Watwa walipouana katika jimbo letu la Tanganyika, na maelfu ya watu walilala katika makambi kando ya mji wetu. Sisi walimu watatu tulipita karibu na makambi yale kila siku, tukienda kazini. Tulisema: "Ni watu wale." Na usiku ule Lubumbashi, tukiwa tumelala chumba kimoja, tuliulizana: nani kati yetu alibeba kitu chini ya nguo yake?

Hakuna aliyejibu, maana jibu tulilijua. Basi tumeandika habari hii, ili yeye atakayeisoma asingoje kama sisi.