Macho ya Mleta Barua



Nataka kuwapasha habari ya nyumbani kwetu, wala si ya kujisifia. Mimi ni mwalimu mjini Dar es Salaam, naye mama yangu akaa kijijini, wilaya ya Newala. Zamani kumpelekea fedha kulikuwa kazi. Nilizitia bahashani pamoja na barua, kisha nikatafuta msafiri mwaminifu. Kabla ya daraja la Mkapa kufunguliwa mwaka 2003, mto Rufiji ulivukwa kwa pantoni, na wakati wa masika bahasha iliweza kukawia njiani siku nyingi.

Lakini msafiri yule hakuiacha bahasha mlangoni akaenda zake. Alikaribishwa mkekani, akala ugali kwa kisamvu, akamsomea mama barua. Aliporudi aliniletea majibu, na tena mambo ambayo mama hakumwagiza: paa lavuja upande wa jikoni, kuku wamekufa kwa kideri, mama amekonda.

M-Pesa ilianza Kenya mwaka 2007, na kwetu Tanzania mwaka 2008. Nilifurahi, na hata leo siikatai. Fedha zafika kabla sijarudisha simu mfukoni. Kila Jumapili nilimpigia mama: "U mzima, mama?" Naye hujibu, "Mzima, baba." Nikaridhika. Barua nikaziacha, na safari nikaiahirisha mwaka hata mwaka, maana niliona kwamba tukizungumza tumeonana.

Hata likizo moja nikaenda bila kutoa habari. Nikamkuta barazani akichambua mbaazi. Nikasimama mbele yake kimya, nikitabasamu, nimshtue. Akaendelea kuchambua kwa vidole, na uso wake umenielekea. Nilipotamka "Shikamoo" akainuka kwa furaha, mbaazi zikamwagika. Sauti yangu aliijua sana.

Mtoto wa jicho alikuwa amemfunika macho yote mawili. Ugonjwa huu hauumi. Lenzi ya jicho huingia ukungu kidogo kidogo. Ujumbe wa fedha alisomewa na mjukuu, na namba ya siri ilikuwa kichwani mwa mjukuu huyo (mtoto mwaminifu, namshukuru). Nikamwuliza mama mbona alinificha.

Akasema, "Uliniuliza kama ni mzima, nami ni mzima. Habari ya macho hukuniuliza."

Hospitali wakampasua jicho moja, wakamtia lenzi nyingine. La pili litafuata. Walipomfungua kitambaa alinitazama kitambo, akaniuliza mvi hizi zimeanza lini.