Ian Whyte na Redio Iliyoipa Uskoti Okestra

Katika Uskoti ya mwanzoni mwa karne ya 20, mpiga fidla aliyetaka kuishi kwa okestra, yaani kundi kubwa la ala za nyuzi, za kupuliza na za kugonga linaloongozwa na mtu mmoja, alipata ajira ya msimu tu, kwa kuwa okestra kubwa ya Glasgow, iliyoanzishwa mwaka 1891, ilikutana majira ya baridi na kisha ikatawanyika. Redio ndiyo iliyoigeuza hali hiyo, na ndani ya redio hakuna aliyefanya zaidi ya Ian Whyte, mtunzi ambaye leo hukumbukwa kwa okestra aliyoiasisi kuliko kwa nota alizoziandika.

Whyte alizaliwa mwaka 1901 huko Dunfermline, mji alikozaliwa pia Andrew Carnegie, tajiri wa feleji ambaye fedha zake ziligharimia shule ya muziki alikoanzia kijana huyo. Baada ya masomo ya London chini ya watunzi Charles Stanford na Ralph Vaughan Williams, alirudi kwao kuwa mwanamuziki wa nyumba ya Lord Glentanar, kwenye shamba lake la Aboyne, kazi ya zama zilizokuwa zikiaga, ambapo bwana mmoja aliweza kumweka mtunzi kama alivyomweka mtunza bustani.

Mwaka 1931 BBC ilimfanya mkuu wa muziki wa Uskoti. Cheo hicho kilimpa madaraka ya kuamua nini kipigwe hewani na nani akipige, na si haba kwamba mtu aliyekuwa akiitumbuiza nyumba moja sasa aliingia katika kila nyumba yenye redio. Tarehe 1 Desemba 1935 okestra ya BBC ya Uskoti ilianza kazi Edinburgh, na wapigaji wake wakawa wa kwanza nchini humo kulipwa mshahara mwaka mzima. Miaka michache baadaye ilihamia Glasgow. Kijiti cha uongozaji kilishikwa kwanza na Guy Warrack, huku Whyte akibaki ofisini na kuzipangia ala nyimbo nyingi za kienyeji, maana okestra mpya ilihitaji kitu cha Kiskoti cha kupiga. Vita vya Pili vya Dunia vilipokwisha aliiacha meza, akapanda jukwaani kuiongoza mwenyewe, na miongoni mwa vijana waliokuwa wasaidizi wa uongozaji katika okestra hiyo wakati wake walikuwemo Alexander Gibson na Colin Davis, ambao majina yao yalikuja kuvuma kuliko lake.

Utunzi wake uliosikika mbali zaidi ni muziki wa baleti, yaani tamthilia inayosimuliwa kwa kucheza bila maneno, iitwayo Donald of the Burthens, iliyoonyeshwa Covent Garden, London, mwaka 1951 kwa uchezaji uliobuniwa na Léonide Massine. Hadithi ni ya mkata kuni anayefanya mapatano na Kifo, kisha akakihadaa kwa kukigeuza kitanda cha mfalme mgonjwa. Mwishoni Whyte aliingiza zumari ya mfuko, ala ya Kiskoti ambayo hewa yake husukumwa kutoka katika mfuko uliobanwa kwapani. Jambo hilo halikuwa rahisi: zumari hiyo ina sauti tisa tu, mirija yake ya mvumo hainyamazi, mpigaji hawezi kuipunguza nguvu, na sauti zake hazilingani sawasawa na za fidla. Mtunzi mwoga angeiiga kwa ala za okestra. Whyte aliileta yenyewe, na katika uamuzi huo ndipo alipoonekana mtunzi aliyefichwa na ofisi.

Alifariki Glasgow mwaka 1960, na sehemu kubwa ya kazi zake ikabaki katika hati za mkono. Okestra yake ilipewa jina la BBC Scottish Symphony Orchestra mwaka 1967. Mwaka 1980 BBC ilitaka kuivunja ili kubana matumizi, wanamuziki wakagoma hata maonyesho kadhaa ya tamasha la Proms yakafutwa, nayo ikanusurika. Tangu mwaka 2006 makao yake ni City Halls, Glasgow.