Haikuwa Dhambi ya Kogo

 

Jana usiku kijana wangu alinionyesha picha mbili kwenye simu. Ya kwanza ni galaksi, mabilioni ya nyota yaliyojipinda kama gamba la konokono. Ya pili ni kimbunga baharini, imepigwa na setilaiti. Akauliza, "Baba, ni kitu kimoja?" Nikanyamaza. Ile picha ya pili inanidai.

Unakumbuka Machi 2019? Mvua ilichelewa. Hapa Kimulot majani chai yalidumaa, mtu anafika kituoni na kikapu nusu. Jumapili moja nikasimama madhabahuni nikasema kuna mtu katika kanisa hili amefunga mbingu. Nikataja fungu la kumi. Kogo mmoja, mjane, ambaye hakuwa ametoa kwa miezi miwili, akainamisha kichwa. Jumapili iliyofuata hakuja.

Mwezi huo huo Kimbunga Idai kilikuwa kikizunguka baharini kati ya Msumbiji na Madagaska. Usiku wa Machi 14 kikapiga Beira. Watu zaidi ya 1,000 walikufa Msumbiji, Zimbabwe na Malawi. Baadaye nikasikia wataalamu wa hali ya hewa wakieleza kwamba kimbunga kile kilivuta kwake unyevu ambao ungetuletea mvua. Mjane hakufunga kitu.

Nikamjibu kijana: hapana, mwanangu, sura ni moja, sababu ni mbili. Kimbunga hula joto la bahari, na mzunguko wa dunia ndio unaokipinda. Karibu na ikweta, kama hapa kwetu, mpindo huo ni hafifu, ndiyo maana vimbunga havizaliwi hapa. Galaksi haina bahari wala upepo huo. Nyota zake hushikwa na nguvu ya uvutano. Hata jua letu limo katika galaksi ya namna hiyo, na huchukua miaka zaidi ya milioni 200 kuizunguka mara moja.

Mpendwa, ukiona sura usikimbilie kutaja sababu. Rafiki za Ayubu waliona majipu wakahubiri dhambi. Mungu aliponena kutoka katika upepo wa kisulisuli, mwishowe hasira yake iliwaka juu yao (soma Ayubu 38 na 42). Kitabu hicho nilikisoma chuo cha Biblia, nimekifundisha, na bado nikakaa kwenye kiti cha Elifazi.

Ilinichukua miezi mitatu kwenda kuomba msamaha. Kogo alinipa mursik, akanisikiliza hadi mwisho, kisha akasema, "Pasta, niliacha kuomba mvua. Nilidhani sauti yangu ndiyo inaizuia."

Alirudi kanisani. Lakini hadi leo anakaa nyuma, karibu na mlango.

Kama kuna mtu alikuambia shida yako ni dhambi yako, na Mungu hakumtuma, leo fungua kinywa uombe tena. Kama ni wewe uliyesema, usingoje miezi mitatu. Na tukililia mvua, tuwakumbuke walio chini ya kimbunga.

Baba, tusamehe sisi tunaosema kabla ya kusikia. Katika jina la Yesu, Amina.

Mbarikiwe.