Mwezi Uliosema kwa Mahadhi

Wahenga walilonga kwamba lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Methali hii aghalabu hutajwa panapozuka uvumi, lakini yafaa pia kuwa mizani ya kupimia kazi za kinjozi, yaani zile zinazoumba ulimwengu usiokuwepo na kuujaza viumbe wasiowahi kuonekana. Mojawapo ya kazi hizo ni *The Man in the Moone*, hadithi ya Mwingereza Francis Godwin, aliyekuwa askofu wa Hereford. Godwin alifariki mwaka wa 1633, na hadithi yake ikachapishwa mwaka wa 1638. Ndani yake mna mwezi ambao wakazi wake hawategemei sana maneno na herufi, bali huwasiliana kwa mahadhi.

Msimulizi ni Mhispania mfupi wa kimo aitwaye Domingo Gonsales. Akiwa katika kisiwa cha St. Helena, anawafunza ndege wakubwa wa mwituni kubeba mizigo, kisha kumbeba yeye mwenyewe. Hatimaye ndege hao wanampaisha hadi mwezini. Huko anawakuta watu warefu kupindukia, wacha Mungu, na wenye lugha ya ajabu: neno moja hubeba maana kadha wa kadha, na kinachozitenganisha maana hizo ni wimbo wa sauti tu. Mwandishi anathubutu hata kuchora noti za muziki ili msomaji aone jinsi jina la Gonsales linavyotamkwa na wenyeji hao.

Hata hivyo, noti hizo zikichunguzwa kwa makini, siri yake hufichuka. Kila noti imesimama badala ya herufi moja ya alfabeti. Kwa maneno mengine, lugha ya mwezini ni maandishi yale yale ya Ulaya yaliyovishwa joho la muziki. Aidha, Godwin mwenyewe anadokeza chimbuko la wazo lake, kwani Gonsales anaporudi duniani anatua Uchina, na huko anakuta lugha ya wakuu inayotegemea mahadhi vilevile. Ajabu ya mwezini, kumbe, ilikuwa jambo la kila siku kwa mamilioni ya watu duniani.

Mfaransa Cyrano de Bergerac alilipokea wazo hili na kulitia makali. Katika hadithi yake ya safari ya mwezini, iliyochapishwa mwaka wa 1657, miaka miwili baada ya kifo chake, mwezi una lugha mbili. Wakubwa huongea kwa mahadhi yasiyo na maneno, na sauti ikiwachoka hushika ala za muziki na kuendeleza mjadala, hata uwe wa sheria au wa dini. Makabwela nao huzungumza kwa kutikisa viungo vya mwili. Hapana shaka Cyrano alikuwa akiikejeli jamii yake, kwani hata katika ulimwengu wa kubuni, lugha imegawanywa kwa misingi ya matabaka.

Sayansi imethibitisha kwamba mwezini hakuna hewa ya kupitisha sauti. Kengele ikipigwa huko, sikio haliambulii chochote. Je, lugha ya mahadhi itafutwe wapi? Jibu li karibu. Walokele, waishio kando ya Mto Kongo karibu na Kisangani, walizoea kupelekeana habari kwa ngoma ya gogo lililochongwa, yenye mlio wa juu na wa chini. Ngoma haina irabu wala konsonanti. Ina toni tu. Katika lugha yao, neno la mwezi na neno la kuku hufuata ruwaza moja ya toni, na kwa hivyo mpigaji akilipiga neno pekee, msikilizaji atatatizika. Ili kuondoa utata huo, mwezi huitwa ule unaoitazama dunia kutoka juu, na kuku huitwa yule mdogo aliaye kiokio. Mmisionari Mwingereza John Carrington aliyaeleza haya katika kitabu chake *Talking Drums of Africa* cha mwaka wa 1949. Godwin alitia herufi katika muziki. Walokele waliutoa muziki uliokuwa tayari ndani ya lugha yao.

Nchini Kenya, Kikuyu, Kikamba na Dholuo ni miongoni mwa lugha za toni. Kiswahili kimeipoteza toni ya kileksika na kubaki na shada: neno barabara likikazwa silabi ya pili lina maana ya sawasawa, na likikazwa silabi ya tatu ni njia. Tofauti hiyo haina dosari yoyote. Dosari imo katika kicheko kinachosikika madarasani pindi mwanafunzi anapotamka Kiswahili kwa mahadhi ya lugha ya mama yake. Katika mwezi wa Cyrano mahadhi ni fahari ya wakubwa. Hapa yamegeuzwa aibu ya mtoto wa kijijini.

Isitoshe, tahajia ya kawaida ya lugha hizo haionyeshi toni. Anayeisoma vyema huisoma kwa kuwa aliisikia kwanza nyumbani. Kizazi kitakachokosa kuisikia kitarithi herufi bila wimbo. Ni jukumu la mwanafunzi wa isimu, likizo inapowadia, kuchukua kinasa sauti, kuketi na bibi au babu, na kuyahifadhi mahadhi hayo pamoja na maana zake. Kazi hiyo haihitaji ndege wa kumpaisha mtu hadi mwezini. Yahitaji sikio lisilodharau, na yahitaji ifanywe wakati wazee wangali hai.