Bibi Hakuuita Msimbazi

Bibi yangu aliishi ukingoni mwa Mto Msimbazi tangu alipoolewa, na sikumbuki kumsikia hata siku moja akiutaja kwa jina. "Nashuka mtoni," alikuwa akisema alfajiri, beseni kichwani, nasi tukajua anakwenda kwenye matuta yake ya mchicha bondeni Jangwani. Mama yako humwiti kwa jina lake. Nadhani kwa bibi mto ule ulikuwa hivyo.

Mimi jina nililipata kwa wajomba, siku za mechi. Simba ni Wekundu wa Msimbazi, Yanga ni watoto wa Jangwani. Watani wa jadi wamegawana mto na bonde lake, mji mzima unayaimba majina hayo kila msimu, na katika kelele zote hizo mimi sikuwahi kusikia maji.

Maji yenyewe yanaanzia vilima vya Pugu, Kisarawe, yanateremka kilomita 35 hivi kupitia Vingunguti, Tabata na Kigogo, mpaka kwenye mikoko ya Daraja la Selander. Njiani Msimbazi unapokea vijito vyake: Luhanga, Ubungo, Sinza. Hapo ndipo panaponiuma. Taja Sinza leo uone kama kuna atakayefikiria maji. Watu watafikiria vituo vya daladala, maduka ya nguo, nyumba za kupanga. Mto umebaki nyuma ya kuta, mweusi, umejaa chupa na matairi. Na Mkwajuni, mkwaju uko wapi? Mchikichini, nani ameuona mchikichi? Bibi angekuonyesha kwa kidole: ulikuwa pale, ulikatwa mwaka fulani, kivuli chake kilifika hapa.

Desemba 2011 mvua ilinyesha siku kadhaa mfululizo, na mafuriko yakaua watu wapatao 40 jijini. Bibi tulimtoa tumembeba mgongoni, maji yakiwa kiunoni, naye ameng'ang'ania kisu chake cha kuvunia. Baadaye akapata kiwanja Mabwepande, walikohamishiwa waathirika wengi. Nyumba ya huko ilikuwa salama, siwezi kusema vinginevyo. Lakini alikuwa akiamka alfajiri vilevile, anajifunga khanga, anatoka mpaka uani na beseni lake, kisha anasimama. Hakulia wala hakulalamika. Alikuwa akisimama tu, mpaka jua linachomoza. Tulimzika hukohuko.

Mwezi uliopita nilipita Jangwani. Kandokando ya barabara mama mmoja alikuwa anafunga mchicha kwa nyuzi za mgomba, kila fungu anazungusha mara mbili na kukaza kwa meno, kama bibi. Nikamwuliza mchicha umetoka wapi.

"Hapo mtoni," akanijibu, macho yakiwa kwenye kazi.

Nikachukua mafungu matatu.