Boma la Nyanya Ndani ya Flashi

Wako wanaodhani michezo ya kompyuta ni upuuzi mtupu. Mimi na dadangu mdogo tulitumia likizo tatu kujenga boma la nyanya katika Minecraft: ghala, zizi na ule mwembe, kama lilivyokuwa kabla ya kubomolewa. Kisha mjomba akatangaza kwamba Jumamosi fundi angefuta kila kitu kwenye kompyuta yake ili iuzwe. Dada alilia.

Nilitafuta kwenye Documents, wapi! Kumbe toleo la Java huweka dunia zake mahali palipofichwa. Nilibonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, nikaandika %appdata%, nikafungua .minecraft, halafu saves. Humo kila dunia ina folda yake. Ndani utaona level.dat na vifolda vingine, lakini usianze kuchagua chagua. Beba folda nzima. Tena funga mchezo kwanza, maana ukiwa wazi faili bado zinaandikwa.

Nilinakili kwenye flashi mbili. Haikuchukua hata muda wa kunywa chai. Lakini kunakili ni kitu kimoja na kufunguka ni kingine, kwa hivyo tulikwenda kwa binamu mwenye mchezo huo, tukaitia folda katika saves yake. Mwembe ule pale!

Flashi moja iko kwenye mkoba wa mama, pamoja na vyeti vyetu vya kuzaliwa. Ya pili anayo dada, na hakubali kuniazima hata kwa insha za Kiswahili.